Maua ya Upande wa Pili wa Ziwa

Mwaka ule Jumapili mbili ziliangukia siku moja. Ya kwanza ilikuwa Jumapili ya Kupamba, ambapo sisi watu wa Kettle Fork huvushwa na boti ya serikali kwenda kusafisha na kupamba makaburi yetu ng'ambo ya ziwa, mara moja tu kwa mwaka. Ya pili ilikuwa Jumapili ya kufungua Kijiji cha Kale, mahali pa kuwaonyesha watalii maisha ya zamani. Aliyeipanga hii ya pili, Bi. Whitcomb, alikuwa mtu wa kuja, na alipoambiwa kwamba siku hiyo ina wenyewe, aliweka mkono kifuani akasema amesikitika mno. Tarehe hakubadilisha.

Nyumba ya kina Crisp ilikuwa mwisho wa barabara ya kokoto, karibu na maji kiasi kwamba asubuhi ukungu uliingia barazani kama mwenyeji. Walikaa watu watatu: Orpha, mjane, Harlan, mwanawe, na Noreen, mke wa Harlan, aliyemtoa Ohio kwenye tambarare alipokwenda kutafuta kazi huko. Kiwanda cha kushona suruali kilifungwa majira ya baridi, na tangu hapo Harlan alikuwa amekarabati kila kilichoharibika nyumbani na vitu vingine ambavyo havikuwa na kasoro yoyote.

Alipoingia jikoni siku chache kabla ya Jumapili hiyo, wanawake walikuwa wanatengeneza maua. Noreen alikata karatasi laini za rangi na kuzikunja petali, na Orpha alichovya kila ua katika sufuria ya nta ya moto, akaligeuza mara moja, akalining'iniza kwenye kamba lipoe. Ua la karatasi likivaa nta halijali mvua. Ndivyo mama zetu walivyofanya, na maua ya dukani hatuyapendi.

"Kazi nimepata," Harlan alisema.

"Ila?" Orpha aliuliza bila kugeuka.

"Nani kasema kuna ila?"

"Umevua kofia ukiwa bado mlangoni. Marehemu baba yako alikuwa hivyo hivyo akija kuniambia ng'ombe amekufa."

Harlan aliweka sanduku la karatasi mezani. Alisema kazi ni ya kutunza Kijiji cha Kale, mwaka mzima, pamoja na bima ya hospitali. Bi. Whitcomb alisema Kijiji ni kama familia moja, kwa hiyo angefurahi kuona familia nzima siku ya ufunguzi. Hasa Mama. Waliokulia Kettle Fork kabla haijafunikwa na maji wamebaki wachache, na wengi wao hawawezi kukaa kitini mchana kutwa.

Noreen ndiye aliyefungua sanduku. Akatoa gauni la kahawia lenye kiraka kilichoshonwa mahali ambapo hapakuwa na tundu, na kofia ya kitambaa ya kufungwa kidevuni, yenye ukingo mrefu wa kuziba uso.

"Ala!" Orpha alisema. "Nani amekufa?"

"Ni vazi lako, Mama. La Jumapili."

"Jumapili ipi?"

Nta ilianza kuungua, na Noreen akaondoa sufuria motoni.

*

Kettle Fork iko chini ya maji, lakini kwa Orpha haijawahi kuzimwa taa. Wakati wa vita vya pili vya dunia serikali ilijenga bwawa ili kupata umeme, mto ukapanda ukawa ziwa, na sisi tukapewa muda wa kuondoka. Makaburi yalikuwa juu ya mlima, maji hayakuyafikia. Kilichozama ni barabara ya kwenda huko. Tuliahidiwa nyingine, na tunaingoja mpaka leo.

Orpha alikuwa opereta wa simu. Alikaa katika chumba kilicho juu ya duka la dawa, masikioni amevaa vifaa vyake, mbele yake ubao wenye matundu na nyaya, na taa ndogo ikiwaka alijua ni nyumba gani inaita na mara nyingi alijua inaita kwa nini. Mpaka sasa aliota ubao ule. Katika ndoto maji yalikuwa yamejaa chumbani, ya kijani na tulivu, samaki wakipita kwenye ngazi, na yeye yuko kitini pake, nywele zikielea. Taa ziliwaka moja baada ya nyingine. Kinyozi aliita. Mke wa mchungaji aliita, akitaka unga. Orpha aliwaunganisha wote, akaamka akiwa amepumzika, na kwa muda alilala macho wazi akisikiliza ziwa likigusa mawe.

Taa moja tu haikuwahi kuwaka. Zella, mtoto wake wa kwanza, alikufa kwa dondakoo kabla hajajua kusema, majira ya baridi ya mwisho kabla ya maji. Walimzika juu mlimani wakaweka jiwe la mtoni lisilo na maandishi. Lile la kuchongwa jina wangelinunua majira ya machipuko. Majira ya machipuko wakaja watu wa serikali na ramani zao.

*

"Hapa ndipo utakapokaa, Bibi Orpha," Bi. Whitcomb alisema. Alikuwa mwanamke mwembamba mwenye sauti laini, na alizoea kumshika mtu kiwiko anapozungumza naye. Alimwonyesha kiti cha kubembea mbele ya kibanda cha magogo kilichonunuliwa kaunti nyingine. "Utakuwa unasukasuka maziwa kwenye hili pipa. Siagi si lazima itoke."

"Maziwa tulikuwa tunaletewa," Orpha alisema. "Kwa lori. Chupa mlangoni."

Bi. Whitcomb alicheka, akaminya kiwiko. "Hilo watu hawaendeshi gari kutwa kuja kulisikia."

"Na hii kofia?"

"Kama ya bibi yako."

"Bibi yangu alikuwa anaagiza kofia kwa katalogi. Zenye manyoya. Kuna picha yake, utadhani ametuliwa na jogoo kichwani."

Harlan alikohoa. Alikuwa tayari ameshika funguo za Kijiji, na aliziminya zisitoe sauti.

"Wakikuuliza mambo ya umeme, simu na kadhalika," Bi. Whitcomb alisema kwa upole, "sema tu hatukuwa navyo. Ndivyo tulivyoandika kwenye bango, na itakuwa vibaya tukipingana na bango letu wenyewe."

Orpha alilitazama bango. Lilikuwa zuri, limepakwa rangi ya kung'aa. Lilisema watu wa bonde hili waliishi wametengwa na dunia. Yeye ndiye aliyekuwa akiiunganisha dunia na bonde hili, kwa mikono yake miwili, na alilipwa mshahara kwa kazi hiyo. Lakini mwanawe alikuwa amesimama pale na funguo, na mwanamke huyu hakuwa na ubaya wowote zaidi ya kutosikia.

Wakirudi nyumbani kwa gari, Harlan aliendesha polepole kama mtu aliyebeba mayai.

"Mama, ukikataa nitaelewa."

"Utaelewa, halafu?"

"Halafu tutafunga nyumba. Kaka yake Noreen ana nafasi kule Ohio. Tutakwenda sote, siwezi kukuacha peke yako."

Ziwa lilionekana upande wa kulia kati ya miti, likapotea, likaonekana tena.

"Ohio hakuna milima," Orpha alisema.

"Hakuna."

"Sasa mtu unajuaje umefika mwisho wa mahali?"

"Wanaweka vibao, Mama."

Orpha alicheka bila kutaka. Kisha wakaingia barabara ya kokoto. Aliwaza kwamba mama akiwa Ohio hawezi kabisa kumpambia mtoto, lakini mama akikosa mwaka mmoja, mwakani bado atakuwepo avuke tena. Hesabu ilikuwa rahisi, na ilimchoma.

"Nitavaa," alisema. "Lakini yale maua lazima yafike."

*

Noreen alikuwa haogopi kitu ila maji. Hakujua kuogelea, na kila mwaka Jumapili ya Kupamba ilipofika aliwasindikiza wengine gatini, akawapa vyungu vya maharage na keki ya matabaka ya matofaa makavu, akabaki nchi kavu akipunga mkono. Watu walimtania kwamba Ohio watoto huogeshwa kwa kitambaa cha unyevu.

"Nitakwenda mimi," alisema jioni ya Jumamosi, wakiwa wanapanga maua kwenye kikapu.

"Utatapika," Harlan alisema.

"Basi nitatapika. Boti si ya kwako." Alimgeukia mkwewe. "Nielekeze tu, Mama."

Orpha aliinua ua jeupe, akalitazama chini, akalirudisha. "Ukipanda mlima utakuta lango. Kina Hyatt wako juu, wana mawe makubwa ya kujionyesha. Wewe teremka upande wa kushoto, penye mwaloni."

"Penye mwaloni. Halafu?"

"Mwaloni ulianguka. Ile dhoruba."

"Basi penye kisiki."

"Penye kisiki. Jiwe dogo, kama mkate." Orpha alianza kulainisha karatasi ambayo tayari ilikuwa laini. "Utaliona tu."

"Na kama sitaliona?"

"Si nimekwambia utaliona? Hebu nipe hayo mekundu."

Noreen aliona mkwewe amekasirika bila sababu, akadhani ni kwa ajili ya gauni. Hakuuliza tena.

*

Asubuhi ukungu ulikuwa mzito hata ziwa lilisikika tu. Orpha alikwenda gatini akiwa amevaa gauni la kahawia na kofia, kwa sababu Kijiji kilikuwa njia hiyo hiyo na alitaka kuliona kapu likipanda boti. Verlin Hyatt, binamu yake, ambaye husimamia shughuli yetu kila mwaka, alimtazama juu mpaka chini.

"Orpha! Umetoroka kaburi gani?"

"Nyamaza, Verlin, nisije nikakuzika leo leo. Boti ninayo na mchungaji ninaye."

Watu walicheka, lakini kicheko kilikatika mapema. Kila mtu alijua kwa nini amevaa hivyo, na kila mtu alikuwa na mtoto au mkwe aliyefungiwa kiwanda. Wanawake wawili wakamkumbatia kwa uangalifu, wasikunje kofia. Noreen alipanda boti akiwa amefumba macho, akiongozwa na Verlin, kapu amelishika kifuani. Boti ikaingia ukunguni. Kwa muda walisikia injini, kisha wakasikia watu wakianza kuimba wimbo wa kanisani, na kisha wimbo nao ukawa mbali.

Noreen alifumbua macho katikati ya ziwa. Hakuona ukingo wa mbele wala wa nyuma. Maji yalikuwa laini na meusi, na mzee mmoja aliyekaa karibu naye aliinama kidogo akasema kwa sauti ya kawaida, "Sasa tunapita juu ya duka la dawa." Noreen alitazama chini. Hofu ilikuwepo, lakini aligundua kwamba alikuwa akitafuta dirisha lenye taa.

*

Wageni walikuja wengi. Orpha alisukasuka maziwa. Walimpiga picha wakiwa wamesimama kando yake, bila kumuuliza, kama mtu anavyojipiga picha na farasi. Mwanamke mmoja alimwambia mumewe kwa sauti kubwa, "Muulize kama anajua kusoma." Mume aliona haya, hakuuliza. Orpha, ambaye alisoma gazeti kila siku ya Mungu na kulikosoa, aliendelea kusukasuka.

Karibu na saa sita alikuja bwana mmoja mnene, mpole, amevaa suti. Bi. Whitcomb alimfuata kwa karibu, maana alikuwa mmoja wa waliochangia fedha za Kijiji. Harlan alikuwa kando akipanga viti.

"Niambie, Bibi," yule bwana alisema akiinama. "Mkipatwa na shida huku milimani mlimwitaje daktari? Mlikuwa na simu?"

Pipa lilisimama. Orpha alikumbuka usiku ule wa dondakoo. Yeye mwenyewe ndiye aliyemwita daktari, kwa ubao wake, na daktari alikuja haraka sana, akiwa na dawa, na dawa haikusaidia. Ile simu ilikuwa jambo la mwisho alilomfanyia mtoto wake ambalo lilifanyika sawasawa.

Alimtazama Harlan. Harlan alikuwa ameshika kiti hewani.

"Hatukuwa na simu," Orpha alisema.

"Maskini," yule bwana alisema, na alimaanisha.

Aliposogea, Bi. Whitcomb alimminya Orpha kiwiko kwa shukrani. Orpha aliona aibu kama mtu aliyemkana rafiki mbele za watu. Harlan aliweka kiti chini, akaenda nyuma ya kibanda, akakaa huko kitambo. Aliporudi macho yalikuwa mekundu na kazi ilikuwa yake.

*

Juu mlimani jua lilikuwa limetoka. Watu waliparua majani juu ya makaburi kwa majembe, wakarundika udongo mpya, mwekundu, wakaulainisha kwa viganja mpaka kila kaburi likawa na mgongo wake. Noreen aliteremka upande wa kushoto. Alitafuta kisiki. Kisiki kilikuwa kimeoza zamani, hapo palikuwa na vichaka vya kangaga tu, na kati yake mawe madogo kama mikate yalitapakaa kila mahali.

Alimwita Verlin.

"La Zella ni lipi?"

Verlin alivua kofia akajikuna kichwa. "Hapo mwenyewe ni Orpha. Huwa tunamwachia. Hawa wote ni vichanga, wengine ni wa tangu ile homa kubwa, hata mama zao wameshazikwa."

Noreen alizunguka akiinama kwenye kila jiwe, akitafuta alama, kipande cha nta cha mwaka jana, chochote. Mvua na kulungu walikuwa wamemaliza vyote. Akakaa chini akalia. Alikuwa amevuka maji aliyoyaogopa miaka yote, kwa ajili ya kazi moja ndogo, na ilikuwa imemshinda. Mtu mwingine angechagua jiwe moja, akaweka maua, akarudi kusema nimemwona. Wazo hilo lilimjia, na hakulipenda.

Alipomaliza kulia alichukua jembe. Alianza na jiwe la karibu, akaparua, akarundika udongo, akapiga kiganja, akachomeka ua moja. Akahamia la pili. Hakusema anafanya nini, lakini mke wa Verlin alikuja na jembe lake, na mwingine, na yule mzee wa kwenye boti, na chakula cha mchana kikasubiri chini ya miti huku nzi wakikizunguka. Maua mawili ya mwisho Noreen aliyapasua katikati.

*

Jua lilikuwa bado juu ya maji Noreen aliporudi. Orpha alikuwa ameketi jikoni na gauni lile lile, kofia ameilaza mezani. Harlan alisimama dirishani. Hapakuwa na aliyepika.

"Ulitapika?" Orpha aliuliza.

"Sikutapika."

"Ulimwona?"

Harlan aligeuka akamtazama mkewe kwa nguvu, na macho yake yalimsihi aseme ndiyo.

"Sikumwona, Mama," Noreen alisema. Mikono yake ilikuwa myekundu kwa udongo mpaka kwenye vifundo. "Kisiki hakipo. Mawe ni mengi, yote ni sawa. Nimetafuta mpaka nikalia. Basi nikawapa wote. Kila kitoto, ua moja, na mawili ya mwisho nikayapasua katikati yatoshe. Nisamehe, yalikuwa ya kwake."

Ziwa liligusa mawe nje. Harlan alipiga hatua moja kuelekea kwa mama yake, akasimama.

"Wote?" Orpha aliuliza.

"Wote. Hakuna aliyebaki."

Orpha alifunika uso kwa viganja. Walidhani analia kwa uchungu, na alikuwa akilia, lakini aliposhusha mikono uso wake ulikuwa umelegea, wa msichana.

"Tangu mwaloni ule uanguke sijui ni lipi," alisema. "Uliziba upande wote ule, na walipokuja kuukata wakayasogeza mawe. Mwaka ule nilisimama pale, Verlin ananitazama, watu wananitazama, mama gani hajui kaburi la mwanawe? Nikachagua jiwe. Mwaka uliofuata nikachagua jingine. Kila mwaka ninavuka lile ziwa, ninapamba, ninarudi, halafu sipati usingizi, ninawaza labda nimempa mtoto wa mtu na wangu amenitazama napita."

"Mama," Harlan alisema, "mbona hukuniambia?"

"Ningekwambia nini?" Aliushika mkono wa Noreen, akaugeuza, akatazama udongo uliojaa kuchani. "Mwaka huu amepata. Njoo ukae, mwanangu. Mwaka huu nina hakika amepata."

Noreen alikaa. Hakuna aliyewasha taa, maana mwanga ulikuwa bado unatosha, wa manjano, ukipanda ukutani kutoka majini. Baada ya kitambo Orpha alijifuta uso kwa ile kofia, akaikunja, akamsukumia Harlan.

"Kamrudishie. Mwambie sivai tena, kazi yako unaiweza bila mimi. Na kesho ukipita dukani niletee karatasi. Nyeupe, nyekundu, yoyote watakayokuwa nayo, lete nyingi. Wale watoto wa watu hawawezi kugawana ua moja vipande viwili."